Thole, neno la Kiskoti ambalo bado lina kazi mahakamani

Msomaji akikutana na neno thole katika maandishi ya Uskoti, kisha akafungua kamusi ya kawaida ya Kiingereza, huenda kamusi hiyo ikampeleka baharini. Itamwambia kuwa thole ni kijiti kinachochomekwa kwenye ukingo wa mashua ili kasia lipate pa kuegemea wakati wa kupiga. Kwa watu wa pwani yetu kazi hiyo hufanywa na kishwara, kile kitanzi cha kamba. Maelezo ya kamusi ni sahihi, ila ni ya neno jingine. Maneno haya mawili yameangukiana kwa herufi na kwa sauti tu: la mashua ni nomino, la Waskoti ni kitenzi. Ukiona tholed, tholit au tholin, ujue umetoka kwenye mashua na uko kwenye kitenzi.

Kamusi nyingi zikifika kwenye kitenzi hicho hutoa maana moja ya haraka, kuvumilia, na kuishia hapo. Maana hiyo haitoshi, na kuna mahali inapotosha kabisa. Thole kwa asili yake ni kupitiwa na jambo: likufikie, likupite mwilini au maishani mwako, hadi liishe. Kama ulipitiwa kwa moyo mkunjufu au kwa kusaga meno, neno lenyewe halisemi. Sifa ya uvumilivu iliongezeka baadaye, tena si katika kila matumizi. Asiyelijua hili atasoma mashairi ya Kiskoti vibaya kidogo, na hukumu za mahakama za Uskoti vibaya sana.

Kwanza matamshi, maana hapa Mswahili ana bahati. Th ya thole ni ile ya thelathini na thamani, wala si dh ya dhahabu. O ni moja, safi, ndefu kidogo, na neno lote ni silabi moja. E ya mwisho haitamkwi. (Wakenya wanaolijua eneo la Thogoto, Kiambu, ambalo jina lake husemwa kuwa ni Scotland iliyopita katika vinywa vya Wakikuyu enzi za misheni, wasishawishike kuazima th ya pale. Th ya Kikikuyu iko karibu na dh.) Katika maandishi ya Kiskoti cha kale utaliona pia kama thoill; i ile ni alama ya urefu wa irabu, haibadilishi sauti. Wakati uliopita huandikwa tholed kwa tahajia ya Kiingereza au tholit kwa tahajia ya Kiskoti chenyewe.

Kiskoti kinachozungumziwa hapa ni lugha ya nyanda za chini za Uskoti, ndugu wa Kiingereza, na kisichanganywe na Kigaeli cha milimani na visiwani, ambacho ni cha ukoo mwingine. Kama ni lugha au lahaja ni ugomvi wa siku nyingi, wa aina ile wanayoijua waliowahi kubishana kuhusu Kiamu na Kimvita. Katika sensa ya 2022 watu wapatao milioni 1.5 walisema wanakizungumza, na sheria ya lugha iliyopitishwa na Bunge la Uskoti 2025 ikakipa hadhi rasmi pamoja na Kigaeli. Kwa neno letu ugomvi huo hauna uzito, kwa sababu thole liliwahi kuwa mali ya pande zote mbili.

Kiingereza cha Kale kilikuwa na kitenzi þolian. Ile herufi ya mwanzo, iliyokwisha kufa katika Kiingereza, ndiyo th. Watu wa Skandinavia walikuwa na þola. Katika Kiingereza cha Kale þolian lilikuwa na maana ya kuteswa na kuvumilia, na pia kupoteza au kunyang'anywa kitu ulichokuwa nacho. Nyuma zaidi, wataalamu wa asili za maneno wanalipeleka kwenye mzizi uleule uliozaa tolerare ya Kilatini, na mzizi huo ulimaanisha kubeba. Kusini mwa Uingereza neno likafifia, nafasi yake ikachukuliwa na maneno yaliyotoka Ufaransa. Kaskazini mwa Uingereza, Uskoti na Ulster, jimbo la kaskazini mwa Ayalandi, likabaki.

Kutoka hapo maana zilitawanyika. Iliyo maarufu ni ya kustahimili maumivu, baridi, njaa, jirani mbaya. Nyingine ya kale ni ya kuruhusu, kuliacha jambo litokee. Hilo lisitushangaze: anayeruhusu naye anapitiwa na matokeo ya ruhusa yake. Tena kuna maana ya kitu kuwa na nafasi ya jambo fulani, kwamba hali yake inalikubali. Msemo wa zamani thole amends ulitumika hivyo, kwa kitu au mtu ambaye bado ana nafasi ya kurekebishwa. Anayeutafsiri msemo huo kwa kuvumilia atatoa sentensi isiyo na kichwa wala miguu. Kiswahili chake kizuri ni bado anarekebishika. Kiambishi -ika kinafanya hapo kazi yote ya thole.

Kwa upande wa mashairi, mlango ambao wengi huingilia ni Robert Burns, mshairi maarufu wa Uskoti. Shairi lake la 1785 kwa panya ambaye kiota chake kimefumuliwa na jembe linasema kuwa mnyama huyo, aliyekusanya majani yale kwa kutafuna hadi kuchoka, sasa hana nyumba tena, na kilichobaki ni to thole manyunyu ya baridi kali na sakitu ya majira ya dhiki. Wafasiri hupenda kumfanya panya huyo shujaa mwenye subira, lakini Burns hakumsifu kwa lolote pale. Baridi itampitia, kwa sababu hana pa kukimbilia.

Linaonekana wazi zaidi katika shairi lake jingine, lile la mbwa wawili wanaozungumza juu ya maisha ya matajiri na maskini, lililotoka katika kitabu chake cha kwanza, kilichochapishwa Kilmarnock 1786. Mbwa mmoja anawataja wapangaji wa mashamba wasio na fedha, na jinsi wanavyopaswa thole a factor's snash. Factor alikuwa msimamizi wa mwenye ardhi, mkusanyaji wa kodi, mtu wa kutukana na kutisha kuwa atakamata mali. Snash ni maneno ya ufedhuli. Mpangaji anasimama kwa unyenyekevu, anatetemeka, anasikia yote. Hapa kuandika kuwa anavumilia matusi ni sawa, ila kunampa uhuru ambao hana. Kula matusi kunafaa zaidi. Kiswahili kina kitenzi hiki cha kula kwa mambo yanayomwingia mtu bila hiari yake (kula fimbo, kula hasara), nacho kinagusa thole ya Burns kuliko subira yoyote.

Katika mazungumzo ya kila siku neno huonekana sana likiwa limekanushwa. A cannae thole him ni sentensi ya kawaida kabisa. Kaskazini mashariki, upande wa Aberdeen, watasema canna badala ya cannae. Haina machozi wala falsafa, ni simwezi yule, au sina hamu naye. Anayeandika siwezi kumstahimili amepatia maana, akakosea ngazi: Mskoti kasema neno la jikoni, yeye kajibu kwa lugha ya risala. Kundi jingine linalofuatana na thole ni ill tae thole, yaani gumu kubebeka. Ill hapa si ugonjwa wala ubaya, ni ugumu wa kutenda. Wageni huteleza hapo mara nyingi, wakadhani mtu anaumwa.

Likikubaliwa badala ya kukanushwa, aghalabu huja na kitenzi cha ulazima: maun, au hae tae. Ye'll jist hae tae thole it. Utafanyaje sasa, ndiyo hivyo. Maneno haya husemwa kwa mtu aliyekwisha kujaribu njia nyingine zikafungwa. Ukiyatafsiri jikaze au piga moyo konde umekosea mwelekeo, kwa kuwa hayo ni maneno ya kumtia mtu nguvu aendelee mbele, na thole haina mbele. Hakuna ahadi kwamba ukishatulia utapata kitu.

Atakayepinga atataja methali ya Kiskoti isemayo he that tholes overcomes, anayestahimili hushinda. Ni kweli ipo, na imo katika mikusanyo ya methali ya zamani. Lakini ipime na yetu. Mvumilivu hula mbivu inahesabu siku: tunda bichi leo, kesho kutwa bivu, kazi yako ni kungoja. Ile ya Kiskoti haina tunda wala muda. Na hiyo ndiyo sababu ya kuliogopa neno subira katika kutafsiri thole. Subira ni kungoja, na kwa msomaji Mwislamu imebeba pia ahadi ya malipo kwa mwenye kusubiri. Mambo hayo mawili hayamo katika neno la Kiskoti.

Sasa tuingie mahakamani, ambako maana ya kale imehifadhiwa kama nyama kwenye chumvi. Wanasheria wa Uskoti husema mtu has tholed his assize. Assize ni kikao cha kesi mbele ya jopo la raia, na wakati mwingine jopo lenyewe. Katika kesi za jinai za Uskoti jopo hilo lina watu 15. Aliyetholed assize yake ni mtu aliyekwisha kupitiwa na kesi hadi mwisho, awe alitiwa hatiani au aliachiwa. Hawezi kushitakiwa tena kwa jambo lilelile. Wakenya wanayo kanuni hiyo katika Ibara ya 50(2)(o) ya Katiba ya 2010. Tofauti ni kwamba Waskoti wameibakizia kitenzi cha karne za kati, na kitenzi hicho hapa hakina chembe ya uvumilivu. Mshitakiwa angeweza kupiga kelele kizimbani kutwa nzima, akatukana mashahidi wote. Bado assize yake angekuwa ameithole.

Ili hoja hiyo isimame, mambo kadhaa lazima yawepo, na ni vizuri kuyajua kwa sababu habari za magazeti huyaruka. Kesi ya kwanza iwe ilisikilizwa na mahakama yenye mamlaka, kwa hati ya mashitaka iliyo halali. Kesi iliyokuwa batili tangu mwanzo haihesabiki kuwa imempitia mtu. Iwe imefika tamati, kwa kutiwa hatiani au kuachiwa. Jaji akiamua mshitakiwa hana kesi ya kujibu, akamwachia kabla jopo halijajadili chochote, hiyo nayo ni tamati. Shitaka jipya liwe kwa kiini ni kosa lilelile. Hapa ndipo pana mtego: mtu alitiwa hatiani kwa kushambulia, kisha aliyeshambuliwa akafa kwa majeraha yale. Mahakama za Uskoti zimelichukua shitaka la kuua kuwa kosa jingine, kwa sababu siku ya kesi ya kwanza halikuwepo. Hakuna mtu anayeweza kupitiwa na kesi ya kifo ambacho hakijatokea. Na hoja yenyewe huletwa mapema, kama pingamizi la awali, kabla ya kesi ya pili kuanza kusikilizwa. Vilevile, mtu akitiwa hatiani kisha mahakama ya rufaa ikaifuta hukumu, mahakama hiyo inaweza kuwapa waendesha mashitaka idhini ya kuanza upya, na wana miezi miwili ya kufanya hivyo.

Kanuni hiyo ilisimama hadi 28 Novemba 2011, ilipoanza kutumika sheria ya Uskoti ya mwaka huo iliyoiandika rasmi na papo hapo kuitoboa matundu. Matundu makuu ni matatu. La kwanza ni kama kuachiwa kwa mtu kulichafuliwa na kosa dhidi ya uendeshaji wa haki, mfano rushwa au vitisho. La pili, kama baada ya kuachiwa mtu alikiri kutenda kosa. La tatu ni ushahidi mpya mzito, na hili linahusu mashitaka yaliyofikishwa Mahakama Kuu tu. Ombi huamuliwa na majaji wasiopungua watatu.

Mtu wa kwanza kutiwa hatiani kwa njia hiyo alikuwa Angus Sinclair. Mwaka 2007 alishitakiwa kwa mauaji ya wasichana wawili walioonekana mara ya mwisho wakitoka katika baa moja ya Edinburgh, iitwayo World's End, Oktoba 1977. Jaji aliona hana kesi ya kujibu, akamwachia. Kwa sheria ya siku hiyo akawa amekwisha kuithole assize yake, na upande wa mashitaka haukuwa na njia ya kukata rufaa dhidi ya uamuzi wa namna hiyo. Njia hiyo iliwekwa na sheria ya 2010. Baada ya matundu ya 2011 alirudishwa kizimbani, na tarehe 14 Novemba 2014 akatiwa hatiani huko Livingston, akafungwa maisha, kwa sharti la kukaa ndani si chini ya miaka 37. Alifia gerezani 2019.

Habari kama hiyo ikiletwa kwa Kiswahili, mfasiri aliyezoea maana ya kamusi ataandika kwamba Sinclair alikuwa amevumilia kesi yake, na msomaji atajiuliza kwa nini mtu kama huyo anahurumiwa. Tafsiri inayofaa ni ndefu na kavu: alikuwa amekwisha kushitakiwa na kesi kuamuliwa. Ukitaka fupi, kesi ilikwisha kumpitia. Fupi hiyo inapendeza, lakini katika maandishi ya kisheria usiitegemee peke yake, maana kwetu jambo kumpitia mtu kunaweza pia kueleweka kuwa limemkosa.

Nje ya mahakama, neno lilivuka bahari pamoja na Waskoti waliohamishiwa Ulster kuanzia mwanzoni mwa karne ya 17. Mshairi Seamus Heaney, mzaliwa wa kaunti ya Derry, alilieleza katika utangulizi wa tafsiri yake ya Beowulf, utenzi wa Kiingereza cha Kale; tafsiri hiyo ilitoka 1999. Akiwa na faharasa ya maneno ya Kiingereza cha Kale alikuta þolian, akaliona geni kwa ile herufi yake ya ajabu, kisha akagundua kuwa ni neno la wazee wa nyumbani kwao. Shangazi yake alikuwa akisema juu ya familia iliyofikwa na msiba wa ghafla kwamba itabidi wajifunze to thole. Angalia kwamba katika maneno ya shangazi yule kitenzi hakina yambwa. Hasemi wathole nini. Kwa Kiskoti na kwa lugha ya Ulster jambo hilo linaruhusiwa, na maana hapo hupanuka: kuishi na lililotokea. Huku kwetu mwenye kutoa pole angesema hawana budi kulipokea. Kupokea ni tafsiri ambayo kamusi hazitaji, na kwa msiba ni bora kuliko zote.

Majirani wa thole nao wajulikane, kwa sababu hupishana naye katika sentensi zilezile. Bide ni kukaa au kubaki, ila likikanushwa, cannae bide, linakuwa sawa na cannae thole, na katika mazungumzo ya leo utalisikia zaidi. Tofauti inajitokeza ukiondoa kanusho: a bide here ni naishi hapa, bila mateso yoyote. Dree ni kupitiwa pia, lakini karibu kila mara hufungamana na msemo mmoja, dree yer weird, kupatwa na kilichoandikwa. Weird huko ni majaliwa ya mtu, si kioja kama katika Kiingereza cha sasa. Thole hakina hoja na kilichoandikwa. Chanzo cha jambo kinaweza kuwa mvua tu, au msimamizi mwenye kinywa kichafu.

Likija suala la kuchagua neno moja la Kiswahili kwa ajili ya kamusi, stahimili linashinda vumilia, na sababu iko katika mzizi. Stahimili limetoka katika mzizi wa Kiarabu wa kubeba, uleule uliotupa hamali wa bandarini na himila, mzigo wake. Lugha mbili zisizo na udugu zimeanzia mahali pamoja: kubeba ndiko kulikozaa kustahimili. Kiswahili cha Biblia kina pia chukuliana, kama katika Waefeso 4:2, ambapo waumini wanaambiwa wachukuliane katika upendo. Kwa thole inayohusu watu wanaoishi pamoja na kuudhiana, chukuliana inakaa vizuri, mradi sentensi haijakanushwa.

Anayetaka kuthibitisha maana ya sentensi fulani aende kwenye kamusi ya lugha ya Kiskoti iliyowekwa mtandaoni tangu 2004, ambayo inatafutwa bure. Imeunganisha kamusi mbili kubwa: moja ya juzuu 12 inayoishia 1700, nyingine ya juzuu 10 inayoanzia hapo. Ukiandika thole utapata ingizo kutoka kila upande, na ile nomino ya mashua itajitokeza katikati yake kama ingizo la peke yake, iruke. Tazama kwanza mwaka wa sentensi yako, uchague upande. Kisha soma mifano kabla ya ufafanuzi, maana ufafanuzi wenyewe umeandikwa kwa Kiingereza na utakurudisha kwenye kuvumilia. Kwa hati za mahakama za kabla ya 1700 anza na tahajia thoill, na utafute yambwa iliyo karibu: ikiwa ni assise, law au jina la adhabu, uko kwenye maana ya kupitiwa. Ikiwa ni mtu au mnyama anayeachwa atende jambo, uko kwenye maana ya kuruhusu, na kitenzi cha Kiswahili utakachohitaji ni acha.